"Upelelezi bado haujakamilika": miaka miwili nimekaa benchi moja na mlalamikaji wa mpwa wangu

Mleta uzi

Wakuu, salaam kwenu. Mods, naomba huu uzi msiuunganishe na zile za "hali ya uhalifu nchini". Ni mrefu kidogo, mwenye haraka apite kimyakimya.

Kila Polisi wakitoa taarifa ya uhalifu tunagawanyika humu. Nusu wanasema umepungua, nusu wanasema hizo namba zimepikwa. Ubishi huo nimeuchoka. Mtaani kwangu zikiporwa simu kumi, wanaokwenda kituoni ni wale wanaotaka karatasi ya upotevu ili warudishiwe laini yao. Wengine wananunua kitochi maisha yanaendelea. Kwa hiyo takwimu ya simu zilizoibwa, kwa macho yangu, ni takwimu ya watu walioipenda laini yao. Zaidi ya hapo sijui inapima nini.

Uhalifu wenyewe umebadilika sura, hilo halina ubishi. Wa umri wangu mnakumbuka enzi za majambazi wa bunduki za SMG. Aprili 2006, pale Ubungo Mataa, gari la fedha za NMB lilishambuliwa mchana kweupe. Siku hizi anayetusumbua ni dogo wa miaka 17 mwenye panga, au mtu ambaye hata humwoni anakuandikia "ile hela tuma kwenye namba hii". Lakini kuna kitu hakijabadilika tangu enzi za Ubungo Mataa, nacho ni kile kipande kilichopo kati ya kukamatwa na kusikilizwa.

Kisa changu. Juni 2018 mpwa wangu, mtoto wa dada yangu wa tumbo moja, alikamatwa pamoja na wenzake watatu. Kulikuwa na tukio la bodaboda kuporwa usiku kwa panga. Akasomewa unyang'anyi wa kutumia silaha. Kwa asiyejua, kosa hilo kifungo chake hakipungui miaka 30, na dhamana hakuna. Kule kituoni ukutani kuna bango kubwa "DHAMANA NI HAKI YAKO, NI BURE". Dada yangu alilisoma mara tatu, akamuuliza askari wa kaunta, akajibiwa hiyo ni kwa makosa mengine mama.

Basi tukaanza kwenda "tarehe". Kila baada ya siku 14. Karandinga linaingia saa tatu na nusu, kina mama wote wanasimama na kuanza kuhesabu vichwa vinavyoshuka. Siku ya kwanza mpwa wangu alishuka amevaa kandambili za rangi mbili, mguu mmoja bluu mwingine njano. Dada hakulia kwa sababu ya pingu, alilia kwa sababu ya zile kandambili.

Ndani mnakaa dakika nne. Mwendesha mashtaka anasimama: "Mheshimiwa, shauri hili limekuja kwa ajili ya kutajwa, upelelezi bado haujakamilika, tunaomba tarehe nyingine." Hakimu anaandika. "Mshtakiwa atarudi rumande." Mmemaliza. Nauli ya watu watatu kwenda na kurudi, kibarua cha siku hiyo kimekwenda, kwa dakika nne.

Sasa hapa ndipo nataka mnisikilize. Mlalamikaji naye alikuwa anakuja. Kijana wa bodaboda, ana kovu refu mkono wa kushoto alipokingia panga. Miezi ya kwanza tulikaa mbalimbali, sisi upande wa ukuta, yeye chini ya mwembe. Jua likaturudisha wote kwenye mwembe. Mwezi wa nne dada yangu akamkaribisha muhogo wa kukaanga. Akala. Halafu akaniambia taratibu, "Anko, mimi sijui kama ni yeye. Niliwaambia nimemwona kijana mwenye kofia."

Alichokuwa anafuatilia ni pikipiki. Iliokotwa siku ya pili imetupwa kando ya barabara, ikapelekwa kituoni kama kielelezo. Ilikuwa pikipiki ya mkataba, na tajiri wake anataka hesabu yake ya kila siku, panga au hakuna panga. Akiomba arudishiwe anaambiwa mpaka kesi iishe. Siku moja nilimsindikiza nyuma ya kituo tukaitazame. Matairi yamekaa chini, majani yameota katikati ya spoku.

Kwa hiyo mshtakiwa yuko rumande, mlalamikaji amefilisika, na aliyekata mtu panga, kama hakuwa miongoni mwa wale wanne, yuko zake uraiani. Hii ndiyo "hali ya uhalifu" niliyoiona mimi kwa macho yangu.

Tarehe ya hamsini na mbili, yaani miaka miwili kamili, hakimu akawaachia. Sheria ilikuwa inasema ahirisho haliwezi kuvuka miezi 24 hata kwa hati ya DPP, yaani Mkurugenzi wa Mashtaka. Dada akapiga vigelegele kwenye korido, karani akamkaripia. Mpwa wangu hakufika getini. Wakamkamata tena palepale, wakamsomea upya, kosa lilelile, na namba mpya ya kesi. Miezi mitatu baadaye ndipo DPP akasema hana nia ya kuendelea na shauri. Akatoka na mfuko wa rambo. Upelelezi haukukamilika hadi leo.

Karibuni tujadili. Matusi pelekeni kwenye uzi wa Simba na Yanga.

Kahawa Chungu

Nimevuta kigoda. Mwenye mihogo ya huyo dada asogeze.

Faili Jeusi

Mleta uzi nakuheshimu kwa ulivyoandika bila jazba. Mimi nimefanya kazi ya upelelezi miaka mingi mikoa mitatu, nimestaafu, kwa hiyo nitasema upande ambao humu hausemwi.

Mnadhani mpelelezi anakaa na faili moja kama kwenye sinema. Mimi nilikuwa na mafaili mezani yanayozidi siku za mwezi. Shahidi namba moja amehamia Kahama kuchimba dhahabu, simu haipatikani. Nauli ya kumfuata hakuna, gari la kituo lina mafuta ya kufika stendi. Nikienda, natoa mfukoni. PF3, ile fomu ya polisi ya majeruhi, imejazwa na daktari ambaye naye kahamishwa. Sampuli iko kwa Mkemia Mkuu, nasubiri ripoti. Nikikusanya vyote napeleka faili kwa wakili wa Serikali, linarudi na maelekezo saba kwa kalamu nyekundu. Kabla sijamaliza la tatu, nahamishwa kituo. Anayekuja analikuta faili ni bahasha, hajui hata shahidi anafananaje.

Hapo ndipo ile "hela ya mafuta" inapozaliwa. Simtetei anayekula. Nasema mlalamikaji akishaambiwa achangie mafuta ili mtuhumiwa akamatwe, siku ya pili mtuhumiwa naye atachangia ili asikamatwe. Gari ni lile lile.

Na jambo moja ambalo litawaudhi wenzangu: tunakamata kwanza halafu ndiyo tunapeleleza. Tulifundishwa hivyo na waliotutangulia. Ukishamweka ndani, presha ya kazi inaisha. RPC, kamanda wa polisi wa mkoa, ameshasema kwenye redio "tunawashikilia watu wanne", wananchi wameridhika, na faili linalala.

Bi Mkubwa wa Chanika

Jamani poleni kwa huyo mpwa, lakini sisi tulioingiliwa nani atatuandikia uzi?

2022 kipindi kile cha Panya Road, yale magenge ya vijana wa mapanga, walikuja kwangu saa nane usiku, tisa, wengine watoto kabisa, wana mapanga na nondo. Mume wangu walimpiga bapa la mgongo, wakachukua TV, simu na mtungi wa gesi. Wawili niliwatambua kwa sauti na sura, wamekulia mtaa wa pili. Nikaenda, nikaandika maelezo, wakakamatwa. Wiki ya pili niko dukani nawaona wanapita. Mmoja akanisalimia, "Shikamoo mama."

Nikaenda kuuliza. Naambiwa hati ya mashtaka imeandikwa kuvunja nyumba usiku na kuiba, hayo yana dhamana. Mapanga yako wapi? Hayakuandikwa. Nilitakiwa niwe shahidi, sikwenda tena. Mimi nafunga duka saa moja jioni, hao vijana wanajua naingilia kichochoro gani.

Mnakumbuka Septemba ile Polisi walipotangaza wamewaua sita? Mtaani kwetu watu walishangilia. Nami nilishangilia, sitaki unafiki. Na mwizi akikamatwa hapa kwetu hapelekwi popote, kesho yake kwenye taarifa wanaandika "ameuawa na wananchi wenye hasira kali". Nimeshawahi kuiona hasira hiyo. Kuna mmoja alikuwa na tairi begani na anacheka.

Mleta uzi

Bi Mkubwa shikamoo. Umenifanya niandike na kufuta mara mbili. Angalia lakini kitu kimoja: mpwa wangu ambaye hata aliyekatwa panga hakuwa na uhakika naye aliandikiwa silaha, akakaa miaka miwili na miezi mitatu. Wako uliowaona kwa macho waliandikiwa kuvunja nyumba, wakatoka wiki ya pili. Aliyeamua hivyo si jaji. Ni mtu aliyeshika kalamu siku ya kwanza.

Wakili wa Kichochoroni

Nichangie kidogo kisheria, na nitajaribu kutotumia Kilatini maana tangu 2021 lugha ya mahakama ni Kiswahili, hatuna tena pa kujificha.

Suala la makosa yasiyo na dhamana lina historia. Mwaka 1991 Mahakama ya Rufani, kwenye kesi ya Daudi Pete iliyoanzia Mwanza, ilifuta aya moja ya kifungu cha 148(5) cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kile kinachotaja makosa yasiyo na dhamana, kwa sababu ilikuwa inamnyima mtu dhamana bila kumwachia nafasi yoyote ya kusikilizwa. Mei 2020 Mahakama Kuu ikaenda mbali zaidi, ikasema kifungu kidogo chote kinapingana na Katiba. Furaha ilidumu hadi Agosti mwaka huohuo, Mahakama ya Rufani ikatengua. Kwa hiyo mauaji, uhaini, unyang'anyi wa silaha, ugaidi, utakatishaji fedha, yote yamebaki palepale. (Namba za vifungu natumia za zamani, Toleo la Urekebu la 2023 limezipangua, wanafunzi wa sheria msinisulubu.)

Sasa ukiweka pamoja hakuna dhamana na hakuna haraka ya upelelezi, umempa mtu silaha kubwa kuliko panga. Ndiyo maana miaka ile kila ugomvi wa fedha ulikuwa unamaliziwa na shtaka la utakatishaji. Lenyewe tu lilitosha kumweka mtu ndani. Mwandishi Erick Kabendera alikamatwa Julai 2019, akatoka Februari 2020 baada ya kuingia makubaliano na DPP. Mfanyabiashara Rugemalira alikaa kuanzia Juni 2017 hadi Septemba 2021, kesi ikafutwa haijasikilizwa. Masheikh wa Uamsho wa Zanzibar, walioshtakiwa kwa ugaidi, walikaa takriban miaka minane hadi Juni 2021.

Sheria ya makubaliano ya kukiri kosa ililetwa 2019. Kwenye karatasi ni nzuri, hata nchi nyingine zinayo. Lakini Septemba mwaka huo DPP alipotangaza kwamba watuhumiwa 467 wa uhujumu uchumi wako tayari kurejesha zaidi ya Sh bilioni 107, mimi nilijiuliza swali moja: katika hao, wangapi wangekiri kama wangekuwa wanalala kwao? Huwezi kuita makubaliano wakati upande mmoja unalala sakafuni.

Halafu lipo la rufani, ambalo mtoa mada hakulifikia kwa sababu mpwa wake hakuhukumiwa. Kesi za unyang'anyi usiku nyingi zinaangukia kwenye utambuzi. Tangu kesi ya Waziri Amani ya 1980 inajulikana shahidi lazima aeleze alimwona mtu kwa muda gani, umbali gani, mwanga wa aina gani, na kama alikuwa anamfahamu. Askari anayeandika maelezo anaandika "nilimtambua kwa msaada wa taa". Taa gani? Chemli? Tubulaiti? Ilikuwa inatundikwa wapi? Hakuna. Mtu anafungwa miaka 30, anasubiri mwenendo wa kesi uchapwe, anafika Mahakama ya Rufani mwaka wa tisa au wa kumi, majaji wanasoma ile sentensi ya taa na kumwachia. Mtaani wanasema jaji kahongwa. Kumbe jaji amekuta karatasi tupu.

Kahawa Chungu

"Upande mmoja unalala sakafuni." Wakili hii naiweka kwenye status.

Nyanda za Juu

Na sisi tunaotapeliwa kwenye simu tunaingia kipengele gani? Kila ripoti ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano, mkoa wangu wa Rukwa unaongoza kwa utapeli pamoja na Morogoro, nikisafiri Dar nikisema natoka Sumbawanga watu wanashika mifuko. Laini zote tulisajili kwa alama za vidole, tulipanga foleni mpaka usiku, wakasema uhalifu umeisha. Ukiripoti namba kwenye 15040 inafungwa, kesho yake wanakuja na nyingine iliyosajiliwa kwa kidole cha bibi yangu.

Faili Jeusi

Mkuu hiyo ya bibi si utani. Wakala alikuwa anamwambia mzee "kidole hakijasoma, weka tena". Kila akiweka tena ni laini nyingine. Ukifuata namba unafika kwa ajuza wa miaka 80, yeye ndiye mshukiwa wako.

Mtu wa Rumande

Niongeze la wadogo, maana mmezungumzia mabilioni na mapanga. Mimi nilishikwa kwa wizi wa nyaya za kwenye saiti ya ujenzi. Kosa lina dhamana kabisa. Masharti: wadhamini wawili, kila mmoja awe na barua ya mtendaji, kitambulisho cha NIDA, na mmoja awe mtumishi wa umma. Mimi kibarua natoka Kigoma, hapa mjini namjua fundi mkuu ambaye ndiye aliyenishtaki. Mtumishi wa umma nimtoe wapi?

Nikakaa miezi minane gereza moja la mkoani. Chumba cha watu wanaolala mchongoma, ubavu kwa ubavu, nyapara akipiga makofi usiku wote mnageuka pamoja. Asiyegeuka analaliwa. Siku moja mzee mmoja mzoefu akaniambia, "Kijana, kosa lako ukikiri wanakupa miezi sita. Umeshakaa minane. Sasa unasubiri nini, haki?" Tarehe iliyofuata nikakiri. Nilipewa kifungo cha nje, nikarudi mtaani mchana uleule.

Nyaya sikuiba. Lakini nina rekodi sasa, nikiomba kazi ya ulinzi wananiambia nilete hati ya tabia njema.

Mleta uzi

Mtu wa Rumande pole sana ndugu yangu. Watu wanasikia "karibu nusu ya walioko magerezani ni mahabusu" wanadhani wote ni wauaji wasio na dhamana. Kumbe wengine wamekosa mtumishi wa umma mmoja wa kuwasainia.

Kuna aliyeniuliza inbox kama hakuna kilichobadilika tangu 2020. Vipo, nisiwe mchoyo. 2022 sheria ilirekebishwa, sasa kesi haitakiwi kufunguliwa mahakama za chini kabla upelelezi haujakamilika. Nilipoisoma niliruka. Halafu nikasoma mstari wa chini: isipokuwa makosa makubwa. Yaani yale yale ambayo mtu hapati dhamana. Aliyekuwa anaweza kusubiri nyumbani amepunguziwa kusubiri, asiyeweza kutoka hajaguswa.

Mahakama nazo zimependeza kweli. Vile vituo jumuishi vya Dodoma, Arusha, Mwanza, Morogoro na hapa Dar, mtu unaingia unadhani benki. Mashauri yanafunguliwa kwa mtandao. Lakini kompyuta inapangia tarehe kesi ambayo faili lake liko kwenye droo ya mtu aliyehamishwa. Tumetengeneza mlango wa kutokea, watu wamekwama wa kuingilia.

Na Tume ya Haki Jinai ya Jaji Mkuu mstaafu Othman Chande, iliyozinduliwa Januari 2023 na kukabidhi ripoti Julai mwaka huohuo, ililiona hili. Walipendekeza upelelezi utoke Polisi uwe na chombo chake. Humo ndani ya Tume walikuwemo ma-IGP (wakuu wa Jeshi la Polisi) wastaafu wawili, Mwema na Mangu. Nikasema hawa wakishaweka saini kwamba upelelezi uondoke nyumbani kwao, basi kazi imekwisha. Bado nasubiri, kama nilivyokuwa nasubiri chini ya mwembe.

Bi Mkubwa wa Chanika

Marahaba mwanangu, nimechelewa kuitikia. Huyo kijana wa muhogo, pikipiki yake alipewa?

Mleta uzi

Alipewa, mama. Machi 2021. Nilikwenda naye kwa sababu alitaka mtu wa kushuhudia, na tajiri wa mkataba alishamnyang'anya kila kitu, hata ile kofia ngumu. Tulipofika nyuma ya kituo tuliikuta imefyekewa majani, imesimamishwa vizuri. Injini haikuwepo. Askari wa zamu alikuwa mgeni, alituambia yeye ameikuta hivyo. Akatoa daftari, akaandika "pikipiki moja", akamgeuzia kijana asaini. Akasaini. Tukaisukuma mpaka barabarani.